Ukuta Unaojibu

Mtunzi wa muziki wa Kirusi, Alexander Scriabin, alifariki Moscow mwaka 1915 akiwa na miaka 43. Kipele kilimtoka mdomoni, sumu ikaingia kwenye damu, siku chache baadaye akawa hayupo. Mezani aliacha kazi isiyokamilika ambayo, kama ingechezwa alivyokusudia, asingebaki mtu wa kuirudia. Aliiita Mysterium. Ilikuwa ichukue siku saba chini ya milima ya Himalaya, ndani ya hekalu lenye umbo la nusu tufe lililojengwa kando ya maji, ili taswira yake majini ikamilishe tufe zima. Kengele zingening'inia mawinguni. Kungekuwa na rangi, manukato na dansi, na asingekuwepo mtazamaji hata mmoja, maana kila aliyehudhuria angekuwa mshiriki. Siku ya saba ikiisha, ulimwengu huu ungefika tamati na fahamu za binadamu zingepanda daraja nyingine.

Wapo waliomcheka. Lakini Scriabin hakuwa mbabaishaji. Alisoma kwa bidii Theosofia, mafundisho ya kiroho ya Helena Blavatsky, na katika utunzi wake Prometheus, alioukamilisha mwaka 1910, aliandika sehemu ya ala ya taa za rangi pamoja na sehemu za vinanda na tarumbeta. Swali alilolibeba ni kongwe kuliko yeye, na linastahili heshima: jengo na sauti vikikutana, je, vinambadilisha mtu moyoni, au mtu ndiye anayevipa maana aliyokuja nayo kutoka nyumbani?

Jibu moja linatafutwa chini ya ardhi. Mwaka 1902, katika mji wa Paola kisiwani Malta, mafundi waliokuwa wakichimba mahodhi ya maji walitoboa paa la pango lililochongwa na binadamu. Ndilo Hal Saflieni: ghorofa tatu za vyumba ndani ya mwamba wa chokaa, vilivyoanza kuchongwa kabla ya piramidi za Giza. Mifupa iliyokutwa humo inakadiriwa kuwa ya watu wapatao 7,000. Kimoja kati ya vyumba hivyo kina shimo dogo ukutani. Mwanamume mwenye sauti nzito akisemea hapo, sauti yake huvuma pango zima, kana kwamba mwamba wenyewe ndio unaosema.

Katika miaka ya 1990 watafiti kutoka Princeton, wakiongozwa na Robert Jahn, walipima mvumo wa vyumba vya kale vya Uingereza na Ireland, likiwamo kaburi la Newgrange. Vyumba vilivyotofautiana kwa umbo vilivuma karibu sauti moja, kati ya hezi 95 na 120. Mwaka 2008 watafiti wengine, safari hii wa California, waliwasikilizisha watu 30 sauti za kiwango hicho huku wakipima umeme wa ubongo. Zilipofika hezi 110, shughuli za sehemu ya mbele ya ubongo zilibadilika mkondo.

Tangu hapo namba 110 imegeuzwa hirizi. Kuna wanaoamini kuwa mababu walijua siri ya ufunguo wa roho, wakaificha katika mawe. Lakini watu 30 ni wachache, na kubadilika kwa umeme wa ubongo hakusemi mtu ameona nini. Jambo la pili lina uzito zaidi, na hesabu yake ni nyepesi. Sauti husafiri takriban mita 343 kwa sekunde. Wimbi la hezi 110 lina urefu wa zaidi kidogo ya mita tatu, na nusu yake ni kama mita moja na nusu. Basi kuta mbili ngumu zikitazamana kwa umbali wa mita moja na nusu, lazima zivume hapo. Huo ni upana wa chumba ambacho mtu anaweza kukichonga akiwa amechuchumaa. Ni upana wa bafu nyingi pia. Anayeoga akiimba kwa sauti ya chini, akipanda na kushuka polepole, atafika noti moja ambayo ghafla inajaa bafu zima na kumtetemesha kifuani.

Kwa hiyo namba haina siri. Mwili wa binadamu ndio uliotoa vipimo vyote viwili, upana wa chumba na uzito wa sauti, na haishangazi vikikutana. Ila bafuni ni nadra mtu kutokwa na machozi kwa sababu ya noti hiyo. Katika pango la Malta kulikuwa na giza, maiti wa ukoo, na wenzako wakipumua kando yako.

Mtunzi wa Marekani, Alvin Lucier, alionyesha mwaka 1969 kinachotokea sauti ikikabidhiwa chumba. Alikuwa na kigugumizi. Alikaa chumbani, akasoma maelezo mafupi na kujirekodi, kisha akacheza rekodi hiyo chumbani humo huku akiirekodi upya, akarudia tena na tena. Kila mzunguko chumba kilikuza noti zake na kumeza nyingine. Maneno yakalainika, kigugumizi kikayeyuka, mwishowe ikabaki milio mirefu kama ya filimbi isiyo na mwenyewe.

Isiyo na mwenyewe: pengine hapo ndipo penye kiini.

Jengo la Hagia Sophia mjini Istanbul, lililojengwa likiwa kanisa kati ya mwaka 532 na 537 kwa amri ya mfalme Justinian, lina kuba la upana wa mita 31 hivi, na kilele chake kiko mita 55 juu ya sakafu. Watafiti wa Stanford walipasua maputo ndani yake, wakanasa mlio na kupima jinsi unavyofifia. Ulichukua takriban sekunde 11. Katika muda huo mwimbaji ameshavuta pumzi na kuingia mstari mwingine, na neno lake la kwanza bado linaelea juu, limechanganyika na ya wenzake hata halijulikani ni la nani. Anasikia kilichokwisha kumtoka kikimrudia kikiwa mali ya wote. Hakuna haja ya nadharia yoyote ili hali hiyo imguse mtu. Scriabin alitaka jengo lifute nafsi kwa siku saba. Kuba la Istanbul huifanya kazi hiyo kwa sekunde 11, halafu humrudishia mtu nafsi yake.

Pwani ya Waswahili haikuhitaji hata kuba. Msikiti wa Kizimkazi Dimbani, kusini mwa Unguja, kwa nje ni kuta za kawaida na mabati. Ndani kuna kibla cha mawe ya matumbawe, na maandishi yake ya Kikufi yanataja mwaka 500 Hijria, yaani 1107. Kibla kipo kwa ajili ya kuonyesha mwelekeo wa Makka, na fundi aliyekichonga hakuahidi kitu kingine. Lakini imamu huwapa maamuma mgongo, na uvungu wa jiwe gumu ulio mbele yake huichukua sauti na kuirudisha nyuma kwa safu.

Adhuhuri imamu husoma kwa siri, ukuta ukanyamaza. Magharibi husoma kwa sauti. Msikiti ukiwa na watu watatu, sauti huvuma. Safu zikijaa, kanzu na miili hunywa sehemu ya mwangwi, kila anayeingia akipunguza kidogo, mpaka maneno yanasikika wazi moja moja. Imamu anamaliza Alhamdu, ananyamaza. "Amin" inatoka nyuma yake kwa pamoja, inampita mabegani, inagonga jiwe na kuwarudia walioitamka.