Askari Nao Waliuliza
Somo: Luka 3:10-14

Askari walipomwendea Yohana, hakuwafukuza wala kuwaambia waache kazi. Aliwaambia wasidhulumu mtu, wasimsingizie yeyote, na watosheke na mshahara wao.

Wapendwa, hofu yetu kwa polisi ina mizizi. Miaka ya 1920 polisi walilinda utawala wa mkoloni na mashamba ya walowezi. Mwanamume Mwafrika alivaa kipande shingoni, na akipatikana bila hicho, ni kukamatwa. Babu zetu wakajifunza: ukiona askari, toroka. Hata leo mtoto akikataa kulala, tunamtisha na polisi!

Katiba ya 2010 ilileta Huduma ya Taifa ya Polisi. Ibara ya 244 inaitaka iheshimu haki za binadamu na ijenge uhusiano na jamii. Sawa, jina limebadilika. Moyo je?

Ndugu askari unayeabudu nasi, ukimpiga kijana wa mama anayeketi nyuma yako hapa, mtashikana mikono vipi wakati wa maombi? Na wewe dereva unayekunja noti ndani ya leseni, usiseme dhambi ni ya polisi peke yake. Kabla askari hawajamuuliza Yohana wafanye nini, umati wa raia ulikuwa umeshauliza.

Basi wiki hii, askari, usimguse asiye na kosa. Raia, usitoe hongo, na umwombee afisa wa mtaa wako kwa jina.

Ombi: Bwana, anza na mimi. Amina.