Mcheza Kwao Hutuzwa



Wazee wetu walisema, Mcheza kwao hutuzwa. Maana yake twaijua sote. Mtu akicheza ngoma katika mji wa kwao, mahali wanapolijua jina lake na jina la baba yake, watu humpigia vigelegele na kumtunukia fedha, nayo miguu yake hupata wepesi ambao haikuwa nao njiani. Akicheza ugenini huenda akacheza vilevile, lakini watu humtazama kimya, wakimpima. Methali hii husemwa ili kumkumbusha mtu asiwaache watu wa kwao. Lakini ndani yake mna swali gumu, nalo ndilo nitakalo tulifikiri pamoja: Wepesi ule wa miguu ni mali ya nani? Ni wa mchezaji, au ni wa watu? Na siku watu watakapoondoka, naye akajikwaa, yatupasa kumhukumu namna gani?

Mfano wa jambo hili nimeuona katika mchezo wa mpira, kule Uingereza. Nauleta kwenu kwa sababu una hesabu zake, na hesabu hazina upendeleo.

Katika ligi kuu ya Uingereza zimo timu 20. Kila timu hukutana na kila mwenzake mara mbili kwa msimu mmoja, mara moja nyumbani na mara moja ugenini; basi kila timu hucheza michezo 38, na katika hiyo 19 huchezwa katika uwanja wake. Wachezaji wenyewe ni watu wa mshahara. Wengi wao si wana wa mji ule wanaouchezea. Mmoja ametoka Misri, mwingine Senegal, mwingine Brazil, mwingine Uholanzi. Sheria ni zile zile. Lango lina upana wa meta 7.32 nyumbani, na ugenini pia ni meta 7.32. Mtu akifikiri kwa akili tupu atasema, Basi nyumbani na ugenini ni mamoja. Lakini sivyo ilivyo. Tangu zamani, katika nchi karibu zote, timu iliyo kwao hushinda mara nyingi kuliko mgeni wake.

Sasa tuitazame timu moja, yaani Liverpool. Mji huo ni bandari kando ya mto Mersey, na timu yake, iliyoanzishwa mwaka 1892, huchezea uwanja uitwao Anfield, ambao mwaka 2020 ulikuwa na nafasi ya watu zaidi ya 53,000. Upande mmoja wa uwanja huitwa Kop, jina lililotoka kwetu Afrika: ni kumbukumbu ya kilima cha Spion Kop katika nchi ya Natal, ambako askari wengi wa Uingereza walikufa vitani mwezi wa Januari 1900, na baadhi yao walikuwa watu wa pande zile za Liverpool. Watu wa Kop wana sifa ya kuimba kwa pamoja kabla ya mchezo kuanza, sauti zao zikafanya kitu kimoja, hata mgeni aingiapo huona kama kwamba amekuja kushindana na mji mzima.

Tarehe 23 Aprili 2017 timu hii ilishindwa kwao na Crystal Palace, mabao 2 kwa 1. Baada ya siku hiyo haikushindwa tena nyumbani katika ligi kwa michezo 68. Watu walisema, Anfield ni ngome. Mwaka 2020 Liverpool walitwaa ubingwa wa ligi walioungojea miaka 30. Na katika msimu ule walishinda michezo 18 kati ya 19 ya nyumbani.

Lakini mwezi wa Machi 2020 maradhi ya korona yalikuwa yameenea, ligi ikasimama. Iliporudi mwezi wa Juni, milango ya viwanja ilifungwa kwa watazamaji. Angalieni neno hili: mchezo mmoja ule ambao Liverpool hawakuushinda kwao msimu ule ulikuwa wa mwezi wa Julai, katika uwanja mtupu, walipotoka sare 1 kwa 1 na Burnley. Ilikuwa kama dalili ndogo, wala hapana aliyeitia moyoni sana.

Msimu wa 2020 na 2021 ukaanza, viti vikiwa vitupu bado. Mwanzoni mambo yalikwenda vizuri. Leeds walifungwa 4 kwa 3, naye Mohamed Salah wa Misri akatia mabao matatu. Kisha Arsenal 3 kwa 1, na Sheffield United 2 kwa 1, na West Ham 2 kwa 1, na Leicester 3 kwa 0. Mwezi wa Desemba wakaruhusiwa watu 2,000 tu kuingia. Mbele ya hao wachache Wolves walifungwa 4 kwa 0 na Tottenham 2 kwa 1, ila West Bromwich Albion wakatoka sare 1 kwa 1. Kisha milango ikafungwa tena.

Hapo ndipo ngome ilipobomoka. Mwezi wa Januari 2021 walitoka sare na Manchester United bila bao. Tarehe 21 Januari wakaja Burnley, watu wa mji mdogo, wakashinda 1 kwa 0 kwa mkwaju wa penalti, na ile michezo 68 ikafika mwisho. Wakaja Brighton, wakashinda 1 kwa 0. Wakaja Manchester City, wakashinda 4 kwa 1. Wakaja Everton, majirani wa mji ule ule, ambao hawakupata kushinda Anfield tangu mwaka 1999; nao wakashinda 2 kwa 0. Wakaja Chelsea, 1 kwa 0. Wakaja Fulham, waliokuwa karibu kushuka daraja, nao pia 1 kwa 0. Michezo sita ya nyumbani mfululizo wakashindwa yote, jambo ambalo halijapata kutokea tangu timu hiyo ianzishwe. Katika michezo hiyo sita walifungwa mabao 10, na wao wakapata bao moja tu, nalo la penalti.

Je, tuseme kwamba ni viti vitupu tu vilivyowashinda? La, tusiwe wepesi wa kusema. Mlinzi wao mkuu, Virgil van Dijk, aliumia goti mwezi wa Oktoba, na walinzi wenzake wawili wakaumia baada yake, hata viungo wakawekwa kulinda. Tena tumekwisha kuona kwamba katika uwanja ule mtupu walishinda mara tano mwanzoni mwa msimu. Jambo moja la wanadamu lina sababu nyingi, na mtu apendaye kweli hachagui ile imfaayo akaziacha nyingine. Lakini tukitazama ligi nzima twaona kwamba jambo hili halikuwa la Liverpool peke yao. Katika michezo 380 ya msimu ule, wenyeji walishinda 144, na wageni walishinda 153. Tangu ligi hiyo ipangwe upya mwaka 1992 haijatokea wageni kuwapita wenyeji. Sasa hatuwezi kusema kwamba timu zote 20 ziliumiwa na walinzi wao. Kilichoondoka kwa wote ni kimoja: watu.

Hapa sasa limekuja swali letu. Yuko mtu mkali atakayesema: "Mmeona! Nguvu yao haikuwa nguvu. Mtu awezaye tu akishangiliwa, hawezi. Mwema aliye mwema akiangaliwa, si mwema. Sifa zote walizopewa kwa michezo ile 68 na zirudishwe." Neno hili lina ukweli ndani yake, wala tusilitupe upesi. Sote twawajua watu ambao wema wao ni wa sokoni: wakiwa mbele za watu hutoa kwa ukarimu, na wakifika nyumbani mlango ukifungwa, mke na watoto hupata mtu mwingine. Huyo hakupungukiwa na msaada, alikuwa akiuza.

Lakini je, kila aangukaye akiwa peke yake ni wa namna hiyo? Mimi nasema sivyo. Ziko nguvu za namna mbili ambazo kwa macho hufanana. Iko nguvu ya kujionyesha, ambayo pasipo macho ya watu haina haja ya kuwapo. Tena iko nguvu ya kutegemezwa, ambayo mtu anayo kwa kweli, lakini huichukua pamoja na wenzake, kama watu wanne wanaochukua boriti moja. Wakiondoka watatu, yule wa nne akaanguka chini ya mti, nani atasema kwamba alikuwa mwongo alipouchukua? Hakudanganya. Alichukua fungu lake. Kosa ni la yule aliyemtazama akadhani kwamba anachukua peke yake. Na kama mwenyewe alidhani hivyo, kosa ni lake pia.

Twajuaje, basi, kuwa mtu ni wa namna ya kwanza au ya pili? Naona kipimo ni kimoja: hutenda nini baada ya kuanguka pasipo mtu wa kumwona? Ajionyeshaye, macho yakiondoka, huacha kazi. Ategemezwaye huanguka, akaamka, akajaribu kwa unyonge. Baada ya kushindwa na Fulham, timu ile ilikuwa na michezo minne iliyobaki kwao. Mwezi wa Aprili, viti vikiwa vitupu vile vile, waliwashinda Aston Villa 2 kwa 1, bao la pili likipatikana katika dakika za nyongeza. Wakatoka sare 1 kwa 1 na Newcastle, waliosawazisha mwisho kabisa. Mwezi wa Mei wakawashinda Southampton 2 kwa 0. Haukuwa uchezaji wa mwaka uliotangulia. Ulikuwa uchezaji wa watu wanaosukuma boriti kwa mabega yanayouma. Lakini hawakuiacha.

Na hao washangiliaji nao wana hesabu ya kutoa. Sauti ya watu wengi ni nguvu, na kila nguvu yaweza kutumika vibaya. Wataalamu waliochunguza michezo ya Ulaya katika miezi ile ya ukimya waliona ya kuwa waamuzi, walipokuwa hawazomewi, waliacha kuwaelemea wageni kwa kadi za manjano kama walivyokuwa wakifanya zamani. Kumbe sehemu ya utuzo wa mcheza kwao ilikuwa haki ya mgeni iliyonyang'anywa! Wala mwamuzi hakukusudia, wala mtazamaji hakujua. Kelele tu zilimwinamisha mtu mwenye filimbi. Basi tujihadhari sisi tunaokaa katika mabaraza ya wazee kuamua mashauri, mmoja akiwa na ndugu zake kumi nje ya mlango, na mwenziwe amekuja peke yake kutoka mbali. Kumpa ndugu yako moyo ni wema. Kumpa moyo hata mgeni akakosa haki yake si wema tena.

Tarehe 23 Mei 2021 ulikuwa mchezo wa mwisho wa msimu, nao watu 10,000 waliruhusiwa kuingia Anfield. Aliyekuja ni Crystal Palace, wale wale waliowashinda miaka minne nyuma. Liverpool walishinda 2 kwa 0, na mabao yote mawili aliyatia Sadio Mané wa Senegal. Wakamaliza msimu wakiwa wa tatu, na hesabu ya nyumbani ikawa hii: kushinda mara 10, sare 3, kushindwa 6. Walipoteza ngome, wakapata elimu: kwamba ngome haikuwa kuta za Anfield. Kuta zilikuwapo siku zote. Ngome ilikuwa watu.

Ndugu msomaji, siku zile za maradhi nasi wengi tulijua maana ya nyumba tupu, maana katika nchi nyingi hata nyumba za sala zilifungwa. Lakini viti vitupu haviletwi na maradhi tu. Yuko mwalimu aliyepelekwa kijiji cha mbali, ambaye tulimsindikiza kwa nyimbo, kisha hapana aliyemwendea miaka miwili. Yuko mjane aliyejaa watu nyumbani mwake siku saba za matanga, na siku ya nane alisikia mlio wa kuku tu. Yuko kijana aliyeacha pombe, tukamsifu mbele ya wote, tukaenda zetu. Siku tutakaposikia kwamba mmoja wao amejikwaa, ulimi wetu utataka kusema, "Kumbe alikuwa hivyo siku zote." Kabla ya kulisema neno hilo, tujiulize kwanza: Je, boriti ile alikuwa akiichukua na nani, na sisi tuliondoka lini?

Naye asimamaye leo akishangiliwa, asizikatae sifa, maana kazi aliifanya. Ila azipokee kama mtu apokeaye fedha za shirika: fungu lake achukue, na lililobaki akumbuke kwamba ni la wenzake, nao watalihitaji siku watakapocheza wao.