Mwenye Kovu Usidhani Kapoa

Shuleni methali hii hufundishwa kama onyo: jihadhari na uliyemkosea, huenda bado ana kinyongo. Maana hiyo ni sahihi, ila ni finyu. Wenye makovu si waliopigwa tu. Aliyepiga naye analo lake, na hilo halionekani hata akivua shati.

Nachingwea, kusini mwa Tanzania, ina historia ya jambo hili. Tangu miaka ya 1960 wapiganaji wa FRELIMO, chama cha ukombozi cha Msumbiji, walifunzwa huko kabla ya kuvuka mto Ruvuma kwenda kupambana na Wareno. Mei 1975, mwezi mmoja kabla ya uhuru wa Msumbiji, kiongozi wao Samora Machel alivuka mto huo kurudi kwao kwa shangwe. Mwezi huohuo, kambini Nachingwea, Uria Simango, aliyewahi kuwa makamu wa rais wa chama hicho, alisimamishwa mbele ya umati akalazimishwa kusoma maungamo. Baadaye aliuawa bila hata kutangazwa. Vijana waliosikiliza siku ile walirudi makwao wakiitwa wakombozi, na kweli walikuwa wakombozi. Lakini mtu aweza kushinda vita vya haki akabaki na jambo asiloweza kumsimulia mkewe.

Miaka minne baadaye ikawa zamu yetu. Vita vya Kagera dhidi ya Uganda vilipokwisha 1979, maelfu ya mgambo waliotoka vijijini walirudi vijijini. Jana bunduki, leo jembe, na madukani hakuna sabuni wala sukari. Mkulima alikuwa amefundishwa kulenga shabaha. Kuishi na alichokilenga, aliachiwa mwenyewe.

Methali haimwamuru mwenye kovu apoe. Inamkanya anayemtazama. Tukimwona mzee anapalilia mikorosho, anakwenda msikitini, anacheka barazani, tunasema yamekwisha. Hatuangalii anavyonyanyuka na kuaga mazungumzo yanapofika Uganda. Hofu hupungua kadiri miaka inavyopita. Hatia haina haraka hiyo. Wala tusikimbilie kumwita mgonjwa: dhamiri inayouma ni dhamiri nzima, na ningemhofia zaidi yule asiyeumwa kabisa.

Kwa hiyo ukikaa Ruangwa au Nachingwea na babu aliyewahi kushika bunduki, usimuulize aliua wangapi. Muulize habari za korosho, na siku akitaka kusema mwenyewe, usimkatize.