Anayetuchekesha Alipwe

Wiki hii nilikuwa kwenye basi la Tanga. Tulipoiacha Chalinze utingo akawasha runinga, na haukupita muda basi zima likawa linacheka. Alikuwa mchekeshaji wetu, Mzee Majuto. Hajasema neno, kamkazia macho tu kijana aliyemdanganya, na watu hoi. Mama mmoja aliyempakata mjukuu alicheka mpaka akajifuta machozi kwa pindo la khanga, akasema, "Mungu amrehemu, baba wa watu katufurahisha huyu." Tangu hapo najiuliza: kwa kicheko hiki, nyumbani kwake kunafika nini?

Amri Athumani, ndilo jina lake, alizaliwa mwaka 1948 na akaanza kuigiza angali mtoto, jukwaani. Filamu za Bongo zilipoanza kuuzwa kila kona yeye alishakuwa mtu mzima. Wasanii wetu wa filamu hawana mshahara wala pensheni. Leo unaitwa na prodyuza huyu, kesho yule. Unapewa chako mkononi, unasaini karatasi inayosema haki zote ni za mwenye filamu, basi. Mwaka 2018, Mzee akiwa mgonjwa, suala la mikataba yake lilizungumzwa nchi nzima, na Waziri Harrison Mwakyembe akaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Agosti 8 mwaka huohuo akafariki katika Hospitali ya Muhimbili.

Najua kuna atakayesema: si alisaini mwenyewe? Fundi akishajenga nyumba na kulipwa, harudi kila mwezi kudai kodi. Hoja hiyo siikubali hata kidogo. Nyumba ikishasimama, fundi hayumo tena. Mwigizaji yumo kila filamu inapochezwa, na anayeinunua anaununua uso ule na sauti ile. Halafu, mtu anayedaiwa kodi ya chumba na ada ya mtoto, ukimwekea karatasi na noti mezani, ana nafasi gani ya kubishana? Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mwigizaji kuwa ana haki zake. Kwa hiyo mrabaha, yaani malipo ya msanii kila kazi yake inapotumika, si hisani.

Sisi tumezoea michango. Msanii akilazwa, namba ya simu inasambazwa, kila mtu anatuma alichojaliwa. Nami hutuma, na nitaendelea kutuma. Lakini inaniuma kumwona mtu aliyefanya kazi maisha yake yote akiombewa fedha za dawa, huku kazi zake zinaendelea kuwaingizia wengine.

Ili tusifike huko, mkataba uandikwe kwa Kiswahili, msanii aende nao nyumbani ausome na mtu anayeijua sheria, na uwe na kifungu cha asilimia yake kila filamu inaporushwa kwenye runinga au kuwekwa mtandaoni. Kifungu hicho kitaje na warithi kwa majina, maana filamu hizi zitachezwa hata baada ya wajukuu zetu kuzeeka.