Miti ya Shamba la Urithi

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad.

Ama baada ya hayo. Ndugu zetu Waislamu, wengi wetu twakaa mjini na mashamba yetu yako Kwale au Kilifi, nasi hatuyakumbuki ila siku ya haja ya fedha. Hufariki mzee, na eda ya mjane haijesha, mmoja katika warithi ameingia na shoka, ameangusha miembe na mikilifi, ameuza kuni na makaa, na mayatima wamerithi visiki.

La ajabu ni kuwa mtu huyo huyo, apitapo penye mbuyu usemwao una pepo, hathubutu kuuvunja hata tawi. Amchelea jini, wala hamchelei Mwenyezi Mungu aliyemwahidi moto mwenye kula mali ya yatima kwa dhulma!

Yajulikane: mti uliosimama ni mali ya urithi kama ilivyo ardhi yake. Kabla ya kugawanya, haukatwi ila kwa ridhaa ya warithi wote. Na mtoto asiyebaleghe hana ridhaa, bali ana msimamizi, naye ataulizwa.

Wala hatusemi miti isikatwe. Imeumbwa itufae. Twasema ikatwe kwa kipimo. Mkilifi ukikatwa kisiki chake huchipua; basi yaachwe machipukizi mawili matatu yaliyonyoka, yawe nguzo. Mvinje hautegemewi kuchipua, basi akataye mmoja na apande mwingine. Mwenye kupanda fungu moja la shamba kila mwaka atakuja kukata fungu moja kila mwaka, na shamba lisibaki uchi. Kanuni za serikali za mwaka 2009 ziliwataka wenye mashamba wapande miti katika asilimia 10 ya ardhi yao. Lakini Mtume s.a.w. alikwisha kutufundisha zamani kuwa Muislamu apandapo mti, anachokula humo mtu, ndege au mnyama ni sadaka yake.

Basi kila msimamizi wa shamba la marehemu na aihesabu miti, aiandike mbele ya mashahidi. Na aliyekwisha kukata, awarudishie wenyewe thamani yake, kisha apande. Kwani toba ya mali ya watu haitimii kwa istighfari peke yake.

Wabillahi tawfiq.