Kurithi Lisiloonekana

Yawezekanaje mtu kukumbuka mahali ambapo hajapata kupaona? Suali hili, ambalo wengine hulihesabu mchezo wa akili, ni la kila siku kwa Wapalestina waliotawanyika tangu mwaka 1948, walipohamishwa watu zaidi ya 700,000 na vijiji zaidi ya 400 vikabaki vitupu. Maana mtoto aliyezaliwa katika kambi ya Ain al-Hilweh, kusini mwa Lebanoni, akiulizwa kwao ni wapi, huenda akajibu Saffuriyya, kijiji cha karibu na Nazareti ambacho baba yake pia hajapata kukikanyaga, na ambacho leo sehemu yake imefunikwa na misonobari iliyopandwa baada ya wenyewe kuondoka.

Nionavyo, alicho nacho mtoto huyu si kumbukumbu bali ni riwaya, aliyoipokea kwa baba, naye baba kwa babu, kama wanavyuoni wapokeavyo Hadithi kwa sanadi, yaani silsila ya wapokezi. Na aijuaye ilimu hiyo hufahamu kuwa sanadi haikuwekwa ili watu wasadiki tu, bali ili kila mpokezi achunguzwe ukweli wake na hifadhi yake. Basi si utovu wa adabu kumwuliza bibi anayekisimulia kijiji, kwa taadhima, imekuwaje kisima alichokiweka jana mashariki ya msikiti kihamie leo magharibi.

Patasemwa kwamba karatasi zipo. Zipo, lakini karatasi nayo ni mpokezi, na ina upendeleo wake. Wakristo wa Beit Jala na Bethlehemu waliohajiri Chile zamani za Dola ya Uthmaniya, wengine wakikimbia uaskari, waliitwa huko Waturuki kwa ajili ya pasi walizochukua; kisha amri ya uraia wa Palestina ya mwaka 1925, waliyoitunga Waingereza walioitawala nchi baada ya Dola hiyo, ikawafungia wengi wao uraia wa nchi waliyozaliwa. Na UNRWA, shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi wa Kipalestina, lililoanza kazi mwaka 1950, liliwahesabu wakimbizi wale waliokuwa wakikaa Palestina baina ya Juni 1946 na Mei 1948 wakapoteza makazi na riziki zao, likairithisha hadhi hiyo kwa upande wa kuumeni peke yake, hata mtoto wa mama mkimbizi na baba mgeni asiipokee kwa mamaye; na watu wa kuukeni, ambao aghalabu ndio wasimulizi hodari wa nyumbani, wakawa nje ya silsila ambayo wao wenyewe ndio walioichukua vinywani.