Nahodha Aliyemrudisha Mpinzani Wake



Tuna suala moja ambalo tumelibeba kwa miaka mingi, na leo tumeona tulitue mbele yenu. Suala lenyewe ni hili: mwenye mamlaka ya kuhukumu akikosea, na kosa lake likakupa faida usiyostahiki, je, ni wajibu wako kusema? Na kama faida hiyo si yako peke yako, bali ni ya watu waliokupa dhamana ya kuwaongoza, una haki ya kuirudisha bila ya kuwauliza?

Tutalieleza kwa kisa cha mchezaji wa kriketi wa India, Gundappa Viswanath. Tunajua wengi wenu kriketi hamuitazami. Kwetu nyumbani ilihesabiwa kuwa mchezo wa Wahindi, nasi tulikuwa watu wa mpira wa miguu. Basi tuvumilieni. Tutaeleza yale ya lazima tu.

Jina hilo tulilisikia mara ya kwanza Bangalore, mji ambao sasa huitwa Bengaluru, tulipokuwa tukisomea uhandisi mwanzoni mwa miaka ya 1990. Tulikuwa vijana wanne, wawili wa Unguja, mmoja wa Mombasa na mmoja wa Tanga, tumepanga ghorofa ya juu kwa mzee mmoja aliyestaafu kazi ya reli. Kila tuliposhuka kulipa kodi hakutuachia mpaka atusimulie kriketi. Wakati ule India nzima ilikuwa ikimzungumza kijana Sachin Tendulkar. Mzee alituacha tumsifu Tendulkar mpaka tuchoke, kisha akatikisa kichwa na kusema, "Nyinyi hamkumuona Vishy." Hilo ndilo jina la mapenzi walilomwita Viswanath.

Viswanath alizaliwa mwaka 1949 huko Bhadravathi, katika jimbo ambalo leo ni Karnataka. Alikuwa mfupi wa kimo, na nguvu zake zilikuwa katika viwiko vya mikono. Mwezi wa Novemba 1969, akiwa na umri wa miaka 20, alicheza mechi yake ya kwanza ya kimataifa ya siku tano mjini Kanpur, dhidi ya Australia. Katika zamu ya kwanza alitolewa bila ya kupata hata mkimbio mmoja. Katika zamu ya pili alipata 137. Kuanzia hapo mpaka mwaka 1983 alicheza mechi 91 za namna hiyo, akapata mikimbio 6,080, na mara 14 alifikisha mia au zaidi katika zamu moja.

Lakini mzee wetu hakuwa mtu wa kuhesabu mamia. Zamu aliyoipenda kuliko zote ni ile ya Madras, Januari 1975, ambayo haikufika mia. Andy Roberts wa West Indies alikuwa akirusha mipira ya kutisha, na aliwatoa wapigaji 7. India nzima ilipata mikimbio 190. Kati ya hiyo, 97 ilikuwa ya Viswanath, aliyebaki uwanjani mpaka wenzake wote wakaisha, akakosa mia kwa mikimbio mitatu. India ikashinda mechi ile. Mwaka uliofuata, huko Port of Spain, India ilitakiwa ipate mikimbio 403 katika zamu ya mwisho. Ikafikisha 406. Sunil Gavaskar alipata 102 na Viswanath 112.

Hata sisi watu wa Afrika Mashariki tumo kidogo katika habari hizi. Katika Kombe la Dunia la kwanza, Juni 1975 huko Uingereza, kikosi cha India alichokuwemo Viswanath kilipangwa kundi moja na timu iliyoitwa Afrika Mashariki, iliyokusanya wachezaji wa Kenya, Uganda, Tanzania na Zambia. Wetu walipata mikimbio 120, na India ikawashinda kwa wiketi 10. Yaani hawakuweza kumtoa hata mpigaji mmoja. Muikumbuke hesabu hiyo ya wiketi 10, kwani itarudi.

Sasa tuje kwenye kisa chenyewe. Februari 1980 iliandaliwa mechi mjini Bombay, katika uwanja wa Wankhede, kuadhimisha miaka 50 ya Bodi ya Kriketi ya India. Wageni walikuwa Uingereza. Siku moja mchezo ulipumzishwa kwa sababu jua lilipatwa. Nahodha wa India alikuwa Viswanath, na katika maisha yake aliiongoza timu ya taifa katika mechi 2 tu za siku tano. Hii ilikuwa ya pili na ya mwisho.

India ilipata 242. Uingereza wakaanza vibaya, wapigaji watano wakawa wametoka kwa mikimbio 58. Hapo akaingia Bob Taylor, mlinda wiketi wao, akasimama na Ian Botham. Kapil Dev akarusha mpira, ukampita Taylor, ukadakwa nyuma yake. Katika kriketi, mpira ukigusa gongo hata kidogo kisha ukadakwa kabla haujafika chini, mpigaji ametoka. Usipogusa, hajatoka. Walinda uwanja wakadai kuwa umegusa. Mwamuzi akanyanyua kidole: Taylor ametoka.

Viswanath alikuwa amesimama pembeni ya mlinda wiketi, pahala ambapo jicho linauona mpira vizuri. Aliona haukugusa gongo. Wakati ule hapakuwa na kamera za kurudia tukio kwa ajili ya mwamuzi, kwa hiyo hukumu ilikuwa imekwisha. Alichotakiwa nahodha ni kunyamaza tu. Hakunyamaza. Alimwendea mwamuzi, akazungumza naye, hukumu ikafutwa, na Taylor akarudishwa kuendelea kupiga.

Ingekuwa hadithi ya kuwasomea watoto, India ingeshinda. Haikushinda. Taylor na Botham walikaa pamoja mpaka wakaongeza mikimbio 171. Botham alipata 114 na Taylor 43, Uingereza wakafika 296. India iliporudi kupiga ikaanguka kwa 149. Uingereza wakamaliza kazi bila ya kupoteza mpigaji yeyote. India, katika sherehe yake mwenyewe, ilishindwa kwa wiketi 10.

Tulimuuliza mzee kama hakukasirika. Alisema alikasirika sana.

Na hasira yake haikuwa ya kipumbavu. Wanaomlaumu nahodha yule wana hoja tatu, na tuzitazame kwa heshima. Ya kwanza: kazi ya kuhukumu amepewa mwamuzi. Kila mmoja akijipa ruhusa ya kusahihisha hukumu, sheria itabaki ya nani? Ya pili: kesho mwamuzi akikosea dhidi yetu, nani atatusahihishia? Ya tatu ndiyo nzito: nahodha si mwenye mali, ni mwenye amana. Ukitaka kuwa karimu, toa kilicho mfukoni mwako. Kapil Dev aliyetoka jasho kurusha mpira ule hakuulizwa. Wala hawakuulizwa maelfu waliokaa juani kuitazama India.

Kuhusu mfuko wake mwenyewe, jibu tunalo. Viswanath alijulikana kwa kuondoka uwanjani mwenyewe alipojua kuwa ametoka, bila ya kungoja kidole cha mwamuzi. Kwa hiyo siku ile ya Bombay hakuanza kutoa cha wenzake. Alikuwa ameshazoea kutoa chake. Lakini jibu hilo linasafisha nia yake tu. Halitwambii kama alikuwa na haki.

Hapa turuhusuni tutoke uwanjani kidogo, tuingie katika kazi yetu. Miaka ya 2000, hapa Ghuba, tulikuwa wahandisi wawili tuliosimamia bomba la maji katika mradi mmoja. Bomba likishalazwa hujazwa maji, hutiwa shinikizo, kisha huachwa kwa muda uliopangwa huku geji ikitazamwa. Mshale ukishuka, pana pahala panavuja. Mshale wetu haukushuka hata chembe. Mkaguzi akaja, akatazama, akatia saini. Jioni, maji yameshatolewa na shinikizo limeshaondolewa, tukaifungua geji kuirudisha stoo. Mshale ulikuwa palepale. Ulikuwa umeganda, na hatukuweza kujua umeganda tangu lini.

Kulirudia jaribio lile kungechukua siku nne. Kampuni ingetozwa faini ya kuchelewa, na mafundi waliokuwa wameshafunga mizigo ya kwenda likizo kwao wangezuiliwa. Tukatazamana. Tukaambizana kwamba kukagua ni kazi ya mkaguzi, naye ameshasaini. Kwamba wakaguzi mara ngapi wametuonea na hakuna aliyetutetea. Na kwamba hatuna haki ya kuwaponza watu wa kampuni kwa ajili ya dhamiri zetu. Ndizo zilezile hoja tatu, ndugu wasomaji, kwa mpangilio uleule. Tukanyamaza.

Bomba lile lipo mpaka leo na linapitisha maji. Kwa tunavyojua halijavuja.

Basi tazameni. Viswanath alisema kweli, na timu yake ikashindwa. Sisi tulinyamaza, na hapakutokea lolote. Tukiyafanya matokeo kuwa shahidi, itatubidi tuseme yeye alikosea na sisi tulipatia. Lakini kila tukipita barabara ile tunautazama mchanga wa pembeni kama umelowa. Mtu aliyepatia hatazami mchanga. Matokeo hayajui ulilokuwa ukilijua siku ile. Unalijua wewe.

Na hapo ndipo tulipoanza kuiona kasoro ya hoja ya amana. Ni kweli kabisa kwamba mwenye amana hana ruhusa ya kugawa mali ya aliowaahidi kuwatunzia. Huwezi kusamehe deni analodai mwenzio. Lakini lazima kwanza kitu kiwe chao. Mtu akikuwekea amana mkoba, kisha usiku ukaona mpita njia ameangusha pochi yake karibu nao, hutaitia pochi ndani ya mkoba ukasema unamlindia mwenye mkoba maslahi yake. Kutoka kwa Taylor hakukuwa mali ya India hata Viswanath akaambiwa ameigawa. Ilikuwa ni kosa lililoangukia upande wao. Nahodha alikuwa na wajibu wa kuwatafutia wenzake ushindi, na wajibu huo unaishia pale ushindi unapokuwa wa mtu mwingine. Nasi pia, cheti cha bomba zima hakikuwa cha kampuni bado. Tulichokuwa tukikilinda si haki ya mafundi, ni saini iliyotolewa kwa mshale ulioganda.

Pana kisa kingine kinachotakiwa kisimame pembeni ya hiki. Februari 1981 huko Melbourne, mwaka mmoja baada ya Bombay, Gavaskar alitolewa na mwamuzi kwa mpira wa Dennis Lillee uliompiga mguuni. Yeye aliamini mpira uligusa gongo kwanza, kwa hiyo hakustahiki kutoka. Kwa hasira alimvuta mwenzake, Chetan Chauhan, watoke uwanjani wote wawili, na ilibidi meneja wa timu amzuie Chauhan pale mpakani ili mechi isivunjike. Baadaye Gavaskar mwenyewe alisema anajutia. Gavaskar ni shemeji yake Viswanath, kwani Viswanath alimuoa dada yake. Katika mechi hiyohiyo Viswanath alipata 114, na India ikashinda.

Hatumtaji Gavaskar kwa kumdharau. Mashemeji wote wawili walisema jambo moja: mwamuzi amekosea. Tofauti ni kwamba mmoja alilisema kosa lilipomuumiza, na mwengine alilisema lilipomfaa. La kwanza kila mtu analiweza. Hata mtoto mdogo akipunjwa andazi atapiga kelele.

Sisi tunaoishi ugenini suala hili linatugusa kuliko tunavyokiri. Ofisi ya serikali ikikosea hesabu kwa hasara yetu, tunasema wametudhulumu kwa sababu sisi ni wageni. Ikikosea kwa faida yetu, tunasema ni riziki. Mweka hazina wa chama chetu akimzidishia mtu fedha za msiba, anayezipokea husema mwenyewe ndiye aliyehesabu. Tunawataka waamuzi wa nchi za watu wawe waadilifu kwetu, na huku tunawafurahia wanapopitiwa. Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako. Nasi tunaona ushindi wa kuazima hali yake ni hiyohiyo: watu wa mbali watakuona umevaa, lakini wewe mwenyewe upepo unauhisi.

Viswanath baadaye akawa refa wa mechi za kimataifa, na siku hizi waamuzi wanasaidiwa na kamera. Lakini kamera hutazama lile ambalo watu wanalibishania. Ulinyamazialo hakuna anayelirudia kulitazama.

Na yule mzee wa Bangalore, baada ya kutwambia kuwa alikasirika, alinyamaza kidogo akizihesabu noti zetu za kodi. Akatoa moja akaturudishia; tulikuwa tumezidisha. Hakusema neno, akaendelea kuhesabu.

Wenye rai nyingine tunawaomba waiandikie safu hii, khasa wale wanaoona kuwa nahodha yule alikosea. Hatutawadharau. Hoja zao tunazijua vizuri, maana tumeshazitumia.